Taa ya Kushukia Koo

Jumanne, jioni

Nimemuua mzamiaji wangu leo, kwa uchovu tu. Wiki ya tatu sasa mama hanywi uji pale wodini Kitete mpaka nimsimulie habari za mzamiaji huyo na Koo, lile shimo nililolibuni chini ya bahari ya nchi isiyokuwepo. Koo huvuta maji mchana kutwa kama mtu anayevuta pumzi, kisha huyatema usiku yakiwa ya moto na yanang'aa. Samaki wakiingia hutoka vipofu. Mimi mwenyewe bahari sijawahi kuiona.

Leo miguu ilikuwa imenivimba, nikataka tumalize. Nikasema mzamiaji ameshuka Koo, hakurudi, basi.

Mama akakisukuma kijiko.

"Alitanguliza taa?"

"Mama, kule ni chini ya maji."

"Shimo ni shimo. Unateremsha taa kwa kamba. Ikizimika, hewa ni mbaya, mtu hashuki. Umesahau kazi ya baba yako?"

Sijasahau. Baba alichimba visima Uyui nzima, na taa ilimtangulia katika kila kisima isipokuwa kile cha mwisho. Asubuhi ile taa haikuwa na mafuta, akashuka hivyo hivyo, hakurudi. Mafuta nilikuwa nimeyamaliza mimi, nikisomea mtihani.

Mama hajawahi kuniuliza mafuta yale yaliishaje. Leo alinitazama kidogo, akafumba macho. Uji ukapoa.

Kesho nitamwambia nilikosea. Mzamiaji bado yuko juu, anajaza taa mafuta.