Presha ya Selina

Nakuru,
Jumatano

Mama yangu mpendwa,

Nakusalimu wewe, na mguu wako wa kushoto ule unaokusumbua mvua ikikaribia nao nausalimu. Umeamkaje? Kuku wamepona? Ng'ombe mwekundu amezaa au bado anawazungusha? Nauliza yote haya kwa moyo, lakini mama, siyo yaliyonikalisha kuandika. Watu huandika "sisi huku hatujambo" hata kama nyumba inaungua nyuma yao. Mimi leo siwezi. Sisi huku tuna jambo, tena kubwa.

Rebeka, mdogo wangu, wewe unayemsomea mama, tafadhali usiruke hata neno moja. Nakujua. Ukifika mahali panapouma unakohoa, halafu unapita kama hujaona. Leo usikohoe. Soma polepole, na mama akilia mwache alie kwanza, kisha uendelee.

Mama, Selina hatapanda treni ya Ijumaa. Obadia aliporudi kutoka likizo alinifikishia maneno yako yote: kwamba nimlete bibi yangu nyumbani, azalie mikononi mwako kama walivyozalia wake za kaka zangu, na kwamba mjukuu wako hatapokewa na mikono ya watu usiowajua. Sikupuuza. Selina mwenyewe alishafunga sanduku, na juu kabisa aliweka ile kanga uliyompa siku ya ndoa. Lakini tangu Jumapili amelazwa hospitali, kwenye chumba kilichozibwa madirisha ili kiwe na giza mchana, na daktari anasema tukimpakia kwenye treni hatafika.

Ilianza na miguu. Viatu vya kanisani vikakataa kuingia, naye akacheka, akasema mtoto wako ni mzito huyu. Halafu uso ukavimba. Jumamosi kichwa kikamuuma hata hakutaka nikohoe karibu naye. Jumapili akaniambia, "Yona, naona vimulimuli." Mama, ilikuwa mchana, jua linawaka! Nikaazima baiskeli ya jirani, nikamkalisha Selina nyuma, nikamsukuma mpaka hospitali. Siku hizi za hali ya hatari huendi mbali kabla askari hajakuuliza pasi ya kutembea, lakini walipomwona vile alivyo hata wao walitupisha.

Pale hospitali dresa, yaani msaidizi wa daktari, kijana mmoja wa Butere mwenye sauti ndogo, alimfunga kitambaa kwenye mkono, akakipuliza kwa mpira kama anayejaza tairi, akatazama kipimo chake. Akapima tena. Akaniambia, "Presha ya bibi yako imepanda sana."

Mama, mimi nilifurahi. Nilimwambia asante.

Usishangae. Sijawahi kukueleza kazi yangu vizuri, nimekuambia tu nafanya kazi ya moto katika kiwanda cha siagi. Kuna pipa la chuma kubwa kushinda jikoni kwako, nalo ndilo boila. Limejaa maji, na chini yake mimi nachochea kuni. Maji yakichemka mvuke unakosa pa kwenda, basi unasukuma, na kule kusukuma ndiko tunakuita presha. Kuna kitu kama saa chenye mshale mmoja. Mshale ukipanda mashine zote zinazunguka, na bwana mkubwa anapita akisema, "Vizuri sana, Yona." Mshale ukilala ni matusi mpaka jioni. Tangu nije Nakuru nalipwa kwa kitu kimoja tu, kupandisha presha. Ndiyo maana nilimwambia yule dresa, "Huyu ni mwanamke wa nguvu, kwao wanalima sana." Akanikodolea macho. "Ndugu, umenisikia? Imepanda. Anaweza kufa, yeye na mtoto."

Basi nikakaa chini pale pale sakafuni. Walimchukua, wakamlaza kwenye giza. Chumvi hapana, kelele hapana, kuinuka hapana. Kwa lugha ya hospitali presha ni damu inayosukuma mishipa kupita kiasi, na ikiendelea hivyo anashikwa na degedege, halafu basi.

Jumatatu saa ya kuona wagonjwa walikuja watu wetu. Unawajua, habari zilishazunguka nyumba zote za wafanyakazi. Obadia alitangulia, na tangu mwana huyo wa baba mdogo aajiriwe kuziba tairi hakuna jambo duniani asilolijua. Akasema, "Presha? Hicho ni kitu kidogo. Presha ikizidi unatoa upepo kidogo, tairi linatulia." Kumbe alikuja na mzee wa kupiga chuku, na pembe zake za kunyonyea damu kwenye mfuko! Alitaka tumtoe Selina nyuma ya nyumba ya kufulia, achanjwe, damu ipungue. Mwalimu wa shule ya misheni, yule aliyebatizwa siku moja na mimi, akasema hapana, hapana, tairi si sayansi. Eti kwa sayansi presha ni uzito wa hewa, hewa yote hii imetulalia vichwani, na watu wanaopima mvua kwenye mashamba wanaisoma kila asubuhi. Kwa hiyo Selina apelekwe juu, Keringet, ambako hewa ni nyepesi, na presha itashuka yenyewe.

Mama, karibu nipige kelele. Wote wanampenda, najua. Lakini kila mmoja alikuja na neno la kazi yake, akaliweka juu ya tumbo la bibi yangu kama mtu anayemjaribisha kofia. Na mimi sikuwa tofauti. Mimi nami nilikuwa na valvu kichwani. Boila ina valvu ya kutolea mvuke, unaifungua, inapiga mluzi, mshale unarudi. Nilimtazama yule mzee wa chuku, nikafikiria, labda Obadia ana haki. Nilishamwambia atoe pembe.

Halafu nikakumbuka kitu kinachonifanya nilale macho wazi mpaka leo. Mvuke ukiutoa na moto bado uko chini, umefanya nini? Mshale utarudi tu. Nikamwambia mzee asubiri. Nikaenda mpaka mlango wa daktari, mimi na nguo zangu za masizi, nikamwomba dresa aniulizie: moto wenyewe uko wapi? Dresa hakutaka, aliona aibu. Nikamshika mkono nikamwambia, "Muulize hivyo hivyo."

Daktari hakucheka. Alinieleza, na dresa akageuza kwa lugha yetu: ugonjwa huu unaletwa na mimba yenyewe, na kondo la nyuma lisipotoka hautapoa. Kondo haliwezi kutoka mtoto akibaki. Lazima wampasue wamtoe mtoto sasa.

Mama, kazini kwetu mshale ukipita mstari mwekundu na valvu imekwama, hatumwagi maji na hatukimbii. Tunafungua mlango wa tanuri, tunaingiza reki ya chuma, tunachomoa moto wote nje. Nilielewa. Ole wangu, nilielewa vizuri kushinda mwalimu na Obadia. Lakini ule moto wa kazini ni kuni za watu. Huu ni mtoto wangu. Nilianza kumwambia dresa habari za reki, akanizuia. "Acha boila yako, ndugu. Bibi yako si boila. Boila haiogopi. Huyu akiogopa, inapanda."

Tulipowaeleza watu wetu wakakaa kikao pale pale uani, wakakata shauri: Selina atolewe, apande treni ya Ijumaa, aje kwako kama ulivyosema. Obadia aliapa atamsindikiza. Wakanikumbusha maneno yako mwenyewe, kwamba mtoto wa mwezi wa saba anaishi na wa mwezi wa nane haishi, na huu wa nane umeanza. Wakanikumbusha dada Marita. Kana kwamba mimi nimesahau! Mama, nilikuwa pale. Aliingia hospitali kujifungua, akitembea kwa miguu yake, na tulimrudisha nyumbani kwenye blanketi lao la kijivu, na wewe uliketi kando ya lile blanketi ukasema hakuna tena binti yako atakayezalia kwa watu wa makoti meupe. Najua ulisema kwa uchungu. Selina pia alikuwepo, alikuwa mchumba wangu tu wakati huo, na maneno yale aliyaweka moyoni.

Sasa sikiliza jambo linaloniua. Selina haogopi kisu. Anakuogopa wewe. Kila nikiingia kwenye kile chumba ananiuliza kwenye giza, "Mama amesema nini?" Namwambia bado. "Atasema nimekimbia mikono yake." Nikimtajia treni ya Ijumaa, dresa akija kupima anakuta imepanda zaidi, anatoka akitikisa kichwa. Daktari anataka neno langu, na mimi nataka lako, na lako liko huko ng'ambo ya milima ya Mau na sina namna ya kulifikia. Nifanye nini, mama? Nimeuliza hivyo mbele ya tanuri leo asubuhi mpaka mwenzangu akadhani naongea na moto.

Niliacha kuandika hapo. Nilikuwa nimekaa juu ya kuni, karatasi iko gotini, mara mtu wa hospitali akaja na baiskeli kuniita. Sasa ninaandikia uani hapa hospitali, na wino ni wa dresa.

Degedege limemshika. Mara moja, adhuhuri. Alijiuma ulimi. Nilipofika alikuwa ametulia, anajua jina langu, lakini hakujua ni siku gani. Mama, nimetoa neno. Nimesema wampasue. Watafanya kesho asubuhi, kama ataifikia, na kabla yake ikibidi. Sikukusubiri. Nilaumu mimi, si yeye.

Tena nimefanya jambo jingine, nalo ndilo sababu ya barua hii kuondoka leo hii. Aliniuliza tena, kwa ule ulimi uliovimba, "Mama amesema nini?" Nikamwambia umejibu. Nikamwambia, "Mama amesema, lala mwanangu, kubali hao watu, mimi nipo njiani nakuja." Nilisema hivyo, mama, kwa kinywa chako, na hukuniruhusu. Akashusha pumzi ndefu, akanishika kidole. Akasema, "Kumbe hakunikasirikia." Dresa alipopima akasema imeshuka. Kidogo tu, lakini imeshuka. Sijui hiyo ni presha ya kazi gani. Ya boila siyo, ya tairi siyo. Dawa yake ilikuwa wewe.

Obadia alikuwa amesimama mlangoni akasikia yote. Yule mwenye kujua kila kitu alitoka nje akalia kama mtoto. Yeye ndiye anayekuletea barua hii kwa treni ya usiku wa leo, hakutaka niiweke posta. Amesema hatarudi Nakuru bila wewe.

Basi treni ya Ijumaa panda wewe. Ile safari uliyompangia Selina, ifunge wewe, uje upande huu. Kama bado una hasira nami, njoo nayo, utanitolea hapa hapa, sitajibu neno. Lakini usinifanye mwongo mbele yake. Akifumbua macho baada ya kile kisu ataangalia mlango, na mimi nitakuwa nimeshamwambia atakayeingia ni nani.

Nisalimie baba mdogo, mwambie nimemkosesha mwanawe kazi siku mbili tatu, anisamehe. Nisalimie shangazi wa vyungu na mzee wa kanisa aliyetufungisha ndoa, wapige magoti wote wawili, hata kama hawasemezani. Mamake Selina usimwambie yote. Mwambie aombe, yeye ataelewa. Na wewe Rebeka, asante kwa kutokohoa.

Mama, usisahau kile kitambaa cheupe unachowapokelea wajukuu, kile ulichokifuma mwenyewe, kiko kwenye kapu juu ya kitanda. Kije nawe. Nikikukuta stesheni nikiwa nacheka, utampokea mtoto ndani yake. Nikikukuta nikiwa silii wala sicheki, utampokea ndani yake vile vile, yeye au mama yake au wote wawili. Mtu wetu hatarudi tena nyumbani kwenye blanketi lao.

Ni mimi mwanao, ninayekungojea Ijumaa stesheni ya Nakuru,

Yona