Mji Wetu wa Mibono

Idete, Novemba 1999

Kaka yangu mpendwa,

Jana nilipita tena kwenye mji wako. Nauita mji kwa sababu wewe ulitaka uitwe hivyo, ingawa haujawahi kuwa na nyumba hata moja. Nilikuwa natoka shambani mchana, jembe begani. Ningeweza kufuata njia ya mtoni kama watu wote, lakini miguu yangu haina adabu. Mibono imenipita kimo sasa. Imesimama mistari, imenyooka vilevile ulivyoipima, na matunda yake makavu yanapasuka juani, ti, ti, ti, kama mtu anayehesabu hatua. Nilipofika njia panda nikajikuta nasema, "Shikamoo, kaka." Mimi huyo! Ulinizidi miaka minne tu, na ulipokuwa hai nilikuita Padri Nusu.

Barua hii siifungi kwenye bahasha. Posta haifiki uliko, na ninalotaka kukwambia nataka majirani nao walisikie, maana miaka mitano wamelisema vibaya jina lako kwa kosa lisilo lako.

Ulirudi kutoka seminari na sanduku la bati, vitabu viwili, na Kilatini ambacho hukuwa na wa kuzungumza naye ila mbuzi wa mama. Ukapata kazi ya kufundisha shule ya msingi hapa hapa. Katika kimoja cha vile vitabu kulikuwa na picha iliyopigwa kutoka angani: Timgad, mji wa Warumi kule Algeria, barabara zake zimekatana kama ubao wa drafti. Ulinionyesha tukiwa tunapalilia mpunga, mikono yako ina tope, ukawa unageuza kurasa kwa kidole cha mwisho.

"Dola haikai porini," ulisema. "Porini inapita tu na mikuki yake. Ikitaka kukaa, inajenga mji."

Ukanieleza kwamba Warumi waliwachukua askari wazee, waliomaliza miaka yao, wakawapa viwanja huko ugenini ili wazeeke huku macho yao yakiwatazama wenyeji. Mjini ndiko ngano ya jimbo zima ilikokusanywa kabla ya kuvushwa bahari kwenda kulisha Roma. Mjini kesi ziliamuliwa, mjini kodi ililipwa. Na kulikuwa na soko, maktaba, ukumbi wa michezo, mabafu ya maji ya moto, ili kijana wa kijijini akija kuuza mbuzi aone haya kurudi kwao.

"Vizazi viwili tu," ulisema, "yule kijana anajiita Mrumi. Na hakuna aliyempiga fimbo."

"Kwa hiyo ni boma la Wajerumani la Mahenge, ila lenye mabafu," nikakwambia.

Ulicheka mpaka ukakaa kwenye matope. Kicheko kile bado nakisikia nikipita mtoni, na si mahali pazuri pa kukisikia.

Ningejua kwamba ule haukuwa mzaha ningekificha kile kitabu. Baba alikuwa ametuachia kile kipande cha ardhi kilichoinuka, ambacho maji ya masika hayakifikii. Na kila masika tuliwaona watu wa Mofu, kijiji cha bondeni, wakija juu, mikeka kichwani, kuku kwapani, mto umeingia mpaka jikoni. Ukaamua utawapimia viwanja pale, bure, wahame moja kwa moja. Mji wa barabara zilizonyooka, na njia panda katikati.

Mama hakupenda. "Mimi nilishapangwa mstari," alisema, "mwaka wa sabini na nne, tulipohamishiwa vijijini kwa lori. Nendeni mkawapange mbuzi."

"Safari hii hakuna lori, mama," ukamjibu. "Anayetaka atakuja kwa miguu yake. Tunachukua barabara za Warumi, bwana wao tunamwacha hukohuko."

Ukatengeneza kipimo cha Kirumi ulichokisoma kitabuni: vijiti viwili vimefungwa msalaba juu ya mti mrefu, na kila ncha kamba yenye betri kuukuu ya redio ikining'inia. Majirani wakasema mwalimu ameanza kupiga ramli. Wewe unachungulia kwenye kamba, mimi nimeshika kigingi upande wa pili, jua la utosi. Hatua mia moja na ishirini, kisha tunageuka. Barabara mbili kubwa zikakutana palepale baba alipokuwa akipuria mpunga. Ulisimama hapo umenyoosha mikono kama unabariki. "Hapa kila mtu atapita," ulisema.

Sasa nafika ninapopaogopa.

Ulinituma vigingi. Uliniambia nikate mti mgumu, mkavu, kutoka kule msituni. Siku ya kwanza nilikwenda, nikarudi na malengelenge na vigingi kumi na viwili. Siku ya pili sikwenda. Nilikwenda makaburini, ambako mibono imesimama kichwani na miguuni pa kila kaburi, tena mingine imekuwa kichaka. Mbono ni laini, kaka, panga linaingia kama kwenye mgomba. Nilikata mingi zaidi kwenye kaburi la babu, kwa sababu ndiko ilikoshamiri, na kwa sababu nilijiambia kwa babu si kuiba. Nikaikwangua magome ili usiitambue. Utomvu ukaidondokea khanga yangu, ukageuka madoa ya kahawia. Uliniuliza ni nini. Nikasema ni migomba. Ukaniamini, ukagonga vigingi vyote mwenyewe, unapiga mluzi.

Mvua zikaja. Nani asiyejua kwamba mbono hata ukiutupa njiani unaota? Mimi nilijua. Nilidhani magome yakiondoka umekufa. Nilitaka tu kupumzika, basi. Wiki ya tatu mji wako wote ulikuwa umechipua majani, viwanja vyote, kila kimoja na mibono yake kwenye pembe.

Masika wale watu wa Mofu walikuja kama ulivyowaalika. Walisimama ukingoni. Hakuna aliyetia mguu. Kisha mama mmoja, mtoto mgongoni, maji yamemlowesha mpaka kifuani, akakuuliza kwa upole kabisa, "Mwalimu, umetuitia kuishi au umetuandalia kuzikwa?" Wakageuka. Walirudi kwenye maji, kaka. Waliona heri maji.

Hukupiga kelele. Ulitazama majani, ukatazama khanga niliyokuwa nimejifunga, kisha ukatazama pembeni. Hukuniuliza neno. Ungeniuliza ningekiri, ungenizaba kofi, tungemaliza. Mpaka leo natafuta usoni pako katika kule kutazama kwako, na sipati jibu.

Asubuhi yake ukasema unavuka ng'ambo kumleta mjomba, katekista wa huko, aje awaongoze watu kwa sala, mahali patulie. Mto ulikuwa umejaa. Mama akakuomba ungoje. Ukapanda mtumbwi. Neno lako la mwisho kwangu lilikuwa, "Nisubiri njia panda Jumamosi." Nilisubiri tangu asubuhi hadi jua likazama. Waliokuja ni wanaume wawili wa Mofu, wameleta kasia na kiatu kimoja. Wengine walisema kiboko, wengine walisema mkondo. Mwili hatukuupata.

Ndipo mama alipokataza mibono isiguswe. "Mwanangu hana kaburi," alisema. "Hii ndiyo yake." Kila mwaka, siku ya kuwaombea marehemu, anachukua maua na kwenda nayo njia panda, anakaa, analia, anauliza tena kitu kilekile: mwanangu kalala wapi, na kalala na nani. Mimi nasimama nyuma yake. Miaka mitano nimesimama nyuma yake na mdomo wangu nimeufunga, huku majirani wakinong'ona kwamba mwalimu alijipandia kifo chake mwenyewe.

Kiangazi hiki amekuja Msukuma mmoja na familia na ng'ombe, anaitwa Baba Kulwa. Wiki iliyopita alinikuta pale.

"Dada, ua huu kapanda nani? Ua mzuri sana. Ng'ombe hauli mti huu, wala mbuzi." Akautingisha mmoja kuona kama umeshika. "Mnipe hata pembe moja nijenge. Watoto wangu wanalala chini ya turubai."

Nikamwambia pale ni makaburini.

Akavua kofia haraka. "Samahani, dada. Kazikwa nani?"

Nikafungua mdomo. Kaka, sikuwa na jina la kumtajia. Hakuna mtu aliyezikwa pale. Kuna uvivu wangu tu, umeota majani. Nikakumbuka ulivyoniambia kuhusu Timgad: Roma ilipoondoka, mji ulipita mikono mingi, watu ambao hakuna aliyewapimia kiwanja wakakaa humo, mpaka mchanga ulipoufunika. Askari waliosahauliwa, wakubwa waliosahauliwa, barabara zimebaki zimenyooka chini ya mchanga.

Nilikwenda moja kwa moja kwa mama. Alikuwa anapepeta mchele uani. Nikapiga magoti, nikamwambia yote: panga, makaburini, babu, magome, khanga. Ungo ukasimama. Nilingoja anitupie, nilitamani anitupie.

"Ile mibono ni ya babu yako?" aliuliza.

"Mingi ni ya kwake, mama."

Akaanza kuokota chuya, moja moja. Kuku walimzunguka.

"Babu yako alikuwa anambeba kaka yako mabegani mpaka kanisani," akasema. "Akisinzia alikuwa hamshushi." Akafuta macho kwa kilemba. "Kumbe miaka yote hii mtoto hakuwa peke yake."

Kisha akaanza kupepeta tena, akasema bila kunitazama, "Mwambie huyo Msukuma ajenge. Njia panda tu asiizibe."

Leo Baba Kulwa ameanza kuchimba mashimo ya nguzo. Mapacha wake, Kulwa na Doto, wanakimbizana kwenye barabara yako kubwa kutoka ncha hadi ncha, hao ndio wananchi wako wa kwanza. Ungewaona ungepiga mluzi. Nilidhani nikisema ukweli nitakuwa mwepesi, lakini sivyo. Mama amenisamehe, na mama si wewe. Wewe ndiye uliyeitazama ile khanga. Bado ninayo, kaka; madoa hayajatoka, na sitaifua tena.

Asubuhi nimefyeka majani kwenye barabara ile inayotoka mtoni. Ukisimama majini unaiona yote, imenyooka mpaka juu, hakuna pa kupotea. Jumamosi nitakuwa njia panda, nimejifunga khanga ileile. Njoo uniulize.

Mdogo wako,
mkata mibono