Bwana Mlinzi wa Mkonze

Baba yangu mpenzi,

Mbukwenyi kwa Kigogo chetu, na shikamoo huko uliko. Nimeolewa, Baba! Naandika nusu mstari, naitazama pete, nacheka peke yangu kama chizi.

Najua utauliza, "Na nani?" Na yule yule! Yona wangu, kamanda wa sungusungu wa Mkonze, uliyemsifu kwa kuwakomesha wezi wa ng'ombe. Siku alipokuja kukujulia hali, alipotoka nje ukaniambia kwa sauti ya ugonjwa, "Mwanangu, huyu wanamtii mno. Ananikumbusha yule wa Uingereza. Usikubali mpaka umwone akiacha kiti."

Nilikumbuka darasa lako la historia. Mkulima wa Kiingereza akapanda farasi, akaongoza jeshi, akamshinda mfalme, kisha akalitimua bunge kwa askari wake. Wakamletea taji, akalikataa. Akabaki na cheo ulichokitafsiri "Bwana Mlinzi". Sauti ikatoka nyuma, "Mwalimu, vita yote ile, kumbe alikuwa anatafuta kazi ya getini?" Ulicheka mpaka chaki ikakuponyoka. Halafu ukaiokota. "Alikataa jina tu," ukasema. "Kiti alikufa nacho."

Sasa sikia. Siku hizi vyama ni vingi, mahindi tunamuuzia tumtakaye pale sokoni Kibaigwa, hata mtaa unachagua mwenyekiti wake. Siku ya mkutano wa uchaguzi sungusungu wakaja na marungu yao, wakapiga kelele, "Kamanda akae! Kura ya nini?" Watu wazima wakainamisha vichwa. Baba, nikamkodolea macho Yona. Angekaa kile kiti, nisingeolewa naye, ingawa nampenda.

Akasimama mpenzi wangu. Akavua filimbi shingoni, akaiweka mezani. "Ndugu zangu, leo mnanitaka. Kesho mkinichoka, mtanitoaje na marungu haya? Wekeni chini. Tupige kura."

Wakapiga. Akashindwa, Baba! Kiti kikaenda kwa Mama Neema muuza maandazi, na yeye Yona akawa wa kwanza kumpigia makofi. Nililia mbele za watu bila haya.

Jioni ile akaja nyumbani Makole. Nilikuwa nimeshamsimulia kile kichekesho cha darasani. Akasimama mlangoni, kofia mkononi: "Shikamoo, Mama. Sina tena ukamanda. Hapa kwenu hamna nafasi ya mlinzi?"

Mama akamtazama juu mpaka chini. "Ipo. Lakini ya getini!"

Ndivyo nilivyoposwa. Siku ya harusi kiti chako cha mbele kanisani tulikiacha wazi, tukaweka koti lako. Sikuweza kulitazama muda mrefu. Ungekuwepo... basi.

Pumzika, Baba yangu. Nakuahidi nitaendelea kumpigia kura kila asubuhi, na siku akijiona mfalme, nitamnyang'anya geti. Leo asubuhi ameshinda tena.

Binti yako,
Nyemo, mke wa mlinzi