Matufaha ya Sista

Mchafukoge, Dar es Salaam
17 Desemba

Mpendwa dada Fortunata,

Shikamoo dada yangu, na tumsifu Yesu Kristo. Natumaini barua hii inakukuta mzima, wewe na shemeji na watoto, na kwamba lile goti limepata nafuu tangu uache kubeba majani ya ng'ombe kichwani, kama umeacha kweli, maana nakujua. Sisi huku tupo. Joto la Desemba limetukaba, umeme unakatika na kurudi unavyotaka wenyewe, na Mama anaamka, anakula kidogo, anasali rozari yake na kulalamika kwamba maji ya Dar hayana ladha. Moyo wake uko vilevile. Miguu inavimba jioni, asubuhi inapungua.

Utashangaa kupata barua. Utasema, huyu Severa ana simu mbili, kichaa gani kimempata mpaka aandike kwenye karatasi? Dada, nimekupigia mara sita mwezi huu. Kila ukisema haloo nauliza habari za ng'ombe. Umeshanieleza yule ndama mpaka rangi ya kwato zake, na mimi wala sina haja na ndama. Ndiyo maana nimeandika. Tarsis, jirani yetu wa ghorofa ya pili, anapanda Moshi kesho kwa basi la alfajiri, atakukabidhi barua hii mkononi pamoja na hotipoti ya chakula. Hotipoti usiifungue kabla hujamaliza kusoma. Nakuomba sana.

Jumamosi iliyopita Mama aliniambia anataka kuoka matufaha ya Sista. Nikamwambia, Mama, Krismasi bado, na chakula hicho wewe hukipika mkesha tu, tena nyumbani Kilema, tangu ulipofundishwa na yule Sista Mjerumani ulipokuwa mpishi wa konventi. Akanijibu kwamba kalenda anajua kuisoma. Anataka kuoka sasa, na anataka kuoka hapahapa kwangu. Unaijua ile sauti yake, haipandi wala haishuki, na ukishaisikia ujue umeshashindwa.

Basi nikafunga duka la mapazia mchana na kwenda kumtafutia matufaha. Kariakoo ya Desemba nisikusimulie. Watu wa mikoani wote wanataka viatu vya watoto kwa siku moja, wapiga debe wanakupigia kelele sikioni, na mguu ukiuinua huna uhakika wa pa kuukanyagia. Nikanunua manane mekundu, yanang'aa, ya Afrika Kusini, yenye stika. Nilijua atafurahi. Si unaujua ugonjwa wake wa stika? Tangu kaka yetu Filbert atuambie kwamba kazi yake huko Afrika Kusini ni kupanga matufaha kwenye maboksi, Mama akiona tufaha lazima aibandue stika aibandike ndani ya mlango wa kabati, na kusema huenda hili mwanangu kalishika. Kwako Kilema amejaza mlango, na kwangu tangu aje Machi kwa matibabu amejaza mwingine. Nimegombana naye hadi nimechoka.

Safari hii alilichukua moja, akaligeuza, akalirudisha kwenye mfuko. Akasema haya hayataki. Nimtafutie ya Lushoto, yale madogo ya kijani yenye uchachu. Jamani! Jasho lote lile, kusukumwa kote kule! Nikamwambia tufaha ni tufaha, na likishaingia kwenye sukari nani atalitambua? Alishika rozari yake akaangalia dirishani, na mimi nikavaa tena viatu, nikashuka ngazi nikinung'unika. Nilizunguka mpaka nikamwona mama mmoja Msambaa pembeni ya ndoo za plamu, akanichagulia kilo mbili, mengine yana matundu ya wadudu. Nilidhani ni mambo ya upishi tu, kwamba yale matamu yanageuka uji na haya machachu yanashikana. Sikufikiria zaidi.

Oveni sina, kwa hiyo nilimwita Zamzam wa mlango wa pili, mtu wa Kilwa, ambaye keki zake anazioka vizuri kwa jiko la mkaa kuliko hata wenye oveni. Akaja na sufuria yake nene na mfuniko wa bati wa kupalia makaa juu. Tulikaa watatu kibarazani, Mama kwenye kigoda akiongoza. Tulimenya, tukakata vipande vyembamba, tukatia sukari, mdalasini na ndimu. Akanifundisha kufikicha siagi kwenye unga kwa ncha za vidole mpaka uwe kama chenga za mahindi, kisha mtindi, basi. Nilipotaka kuusukuma ule unga kama chapati alinichapa mkono kwa mwiko, akasema unadondoshwa kwa kijiko juu ya matunda na kuachwa ulivyoanguka, ndivyo Sista alivyokuwa akifanya. Zamzam alicheka mpaka kanga ikamdondoka. Mimi pia nilicheka, dada, kwa mara ya kwanza tangu Julai.

Makaa machache chini, mengi juu. Harufu ya mdalasini ikashuka mpaka barabarani, na Mama hakuangalia saa hata mara moja, alinusa tu, akasema tayari. Juu palikuwa pamepasukapasuka, pana rangi ya dhahabu, pembeni pameshika ukoko, na maji ya matunda yanachemka kwenye nyufa. Nilikwenda kabatini kwa hiari yangu nikaitoa ile sahani ya bluu, maana alikuja nayo kwenye begi lake kutoka nyumbani. Wewe unajua ni ya nini. Miaka kumi na miwili, tangu Filbert aende, kila mkesha wa Krismasi Mama hukata kwanza kipande cha pembeni chenye ukoko, kile ambacho Filbert alikuwa akikigombania nasi mpaka tunalia, anakiweka kwenye sahani ya bluu, anakifunika na kukiingiza kabatini. Hakiguswi mpaka Mwaka Mpya, kisha kinakwenda kwa kuku. Nikaiweka sahani karibu na mkono wake.

Mama akashika kisu. Akakata kile kipande cha pembeni na kukiweka kwenye sahani yangu. Akaniambia nile. Zamzam akapewa chake, yeye akachukua chake, chako akakiweka kwenye hotipoti. Sahani ya bluu akaigeuza kifudifudi. Nilikula. Zamzam alisifia mapishi, akaenda zake kuswali alasiri, na alipofunga mlango Mama akaniuliza Filbert amezikwa wapi.

Kaa chini dada, kama umesimama.

Filbert amefariki. Amefariki tangu tarehe nane Julai. Homa ya mapafu ilimkamata na baridi ya huko, akaichukulia kama mafua, na alipopelekwa hospitali hakumaliza siku mbili. Simu yake ilikuwa imefungwa kwa namba za siri, wenzake wakahangaika kutafuta ndugu, na aliponipata Awadhi, mtu wa Tanga aliyekuwa akiishi naye, walikuwa wameshamzika. Nilikuwa dukani, nimepanda ngazi natundika pazia la mteja. Nilishuka, nikampimia mteja mita zake, nikamfungia, nikamshukuru. Mpaka leo sijui nilifanyaje.

Sikumwambia mtu. Wiki ileile daktari alikuwa ameniita pembeni na kunionya kwamba moyo wa Mama hautahimili mshtuko wowote. Nikasema nitasubiri apate nafuu kidogo, kisha nikuambie wewe kwanza. Agosti ukapiga simu, Mama amekaa pembeni yangu, ukauliza hivi huyu Filbert atakuja lini? Mama akanitazama mdomoni. Nikasema anakuja Desemba. Ni maneno mawili, dada, yalinitoka ili mazungumzo yaishe. Wewe ukapiga vigelegele kwenye simu. Baada ya hapo ukanieleza umepaka rangi chumba chake, mara baba mdogo Ansbert ameshachagua beberu wa ndafu, wa kuchomwa mzima, mara ukoo mzima umeambiwa, na mimi nikawa naitikia tu, ndiyo, sawa, vizuri. Nilikuacha ukimpakia rangi chumba mtu aliyekufa. Hilo ndilo linaloniamsha, kuliko hata msiba wenyewe.

Nilimwambia Mama kila kitu palepale kibarazani, nimepiga magoti, makaa bado yanawaka. Nilikuwa nimemshika mkono nikihesabu mapigo yake, nikitegemea ataanguka. Hakuanguka. Alilia kimya, machozi yakawa yanateremka tu. Nilipoweza kusema nikamuuliza ni nani aliyemwambia. Akasema hakuna. Akasema mimi tangu nipate akili sijawahi kumsema Filbert kwa wema. Kila siku ni mvivu wa kupiga simu, kichwa maji, kasahau kwao, akija nitamfunga kamba kwenye mgomba. Na ni kweli, dada, hata wewe umenisikia. Akasema tangu Julai nimegeuka, Filbert amekuwa mpole, Filbert alikuwa akisaidia kazi, Filbert hana makosa. Alisubiri nimtukane hata mara moja. Miezi mitano alisubiri, na Jumamosi ile alipoamka akaona hatasubiri tena. Yale matufaha ya stika alisema asingeweza kuyatia mdomoni.

Dada, nimekosa. Sina namna nyingine ya kuliandika. Nilidhani namlinda Mama, kumbe nilimwacha aomboleze peke yake chumba cha pili, na mimi nikiomboleza peke yangu upande wa pili wa ukuta, na wewe nimekuandalia aibu mbele ya ukoo. Waambie wote kwamba Severa alidanganya. Litamke jina langu, usilifiche. Beberu asichinjwe kwa kumpokea mtu. Baba mdogo Ansbert mwambie kwa upole, unajua alivyompenda.

Awadhi anarudi kwao kwa likizo na amekubali kutuletea udongo wa kaburini, pamoja na koti la Filbert na rozari aliyopewa na Mama siku ya kuondoka. Atapita hapa tarehe ishirini. Sisi tutapanda tarehe ishirini na mbili. Daktari hataki Mama asafiri, lakini Mama amesema daktari hakumzaa Filbert. Anaomba muandae mahali padogo mgombani, pembeni ya kaburi la Baba, upande wa juu pasipotuama maji, ili tuuzike huo udongo na padre atusomee. Anaomba pia usilie mbele ya watoto mpaka tufike. Mimi sikuombi hivyo. Lia unavyoweza, mimi nimejinyima na haikunisaidia kitu.

Nisalimie shemeji na watoto, nisalimie baba mdogo, na majirani wote watakaokuja kukupa pole. Mama anakusalimu na kukubariki. Zamzam naye, ambaye sasa anajua na amelia nasi, anakupa pole ingawa hamjaonana.

Sasa fungua hotipoti. Ni kipande chako, Mama amekikata mwenyewe. Anasema ukipashe moto taratibu, mle wewe na watoto mpaka kiishe, na kabatini usiweke kitu.

Ni mimi mdogo wako,
Severa