Baba Aloo Bado Ananunua Chai

Jumatatu, 8 Septemba 2025

Nisamehe, daftari langu. Tangu Julai sijakushika. Mara ya mwisho niliandika juu ya jino la mwanangu Aloo, halafu lori likamgonga mume wangu Dishon pale njia panda ya Katito, na baada ya hapo sikuwa na la kuandika. Ningeandika nini? Tulimzika kwao, Pap Onditi. Nikakaa huko mpaka waliposema sasa naweza kutoka. Nikarudi Kisumu peke yangu. Aloo alibaki kwa nyanya yake — kwa muda tu, ujipange kwanza, ndivyo alivyosema Zadock. Zadock ni kaka mkubwa wa Dishon. Siku hizi yeye ndiye anasema kila kitu.

Nimejipanga. Napika chapati hotelini, hapa Kibuye. Mpango wangu ni mmoja: nilipe chumba hiki mwisho wa mwezi, halafu nimlete mtoto wangu. Zadock alisema wazi, mtoto wao haendi kulala kwa chumba ambacho mama yake anadaiwa. Pesa ya kodi ni mshahara wa mwisho wa Dishon, uko kwa akaunti yake. Kadi ninayo. Namba ya siri alinipa mwenyewe siku tuliponunua godoro. Meseji za benki zinaingia kwa simu yangu, kwa sababu simu yake yeye ilikuwa haiishi kupotea.

Na hizo meseji ndizo zimenifanya nikutafute. Moja imeingia leo nikiwa na unga mpaka kwa kiwiko. Umelipa RAFUTAMU NRB kwa kadi. Nikarudi nyuma — ziko nyingi! Sikuwa nazisoma. Nikiona jina lake nilikuwa nafunga simu. RAFUTAMU NRB, RAFUTAMU NRB. Pesa kidogo kidogo, kama panya kwenye gunia. Ya kodi imeanza kuguswa.

NRB ni Nairobi. Kadi iko hapa, ndani ya sidiria yangu. Nani anakula Nairobi kwa kadi ya mume wangu?

Jumanne, 9 Septemba

Nimeamka na mwanamke kichwani. Simjui sura lakini nimemvisha nguo, nimempa nywele ndefu, nimemkalisha mahali pazuri Nairobi anakula keki. Dishon alienda huko mara mbili, kozi ya mashine za barafu. Kozi! Nilimtukana marehemu huku nafua. Halafu mkono ukatoa shati lake kwenye beseni, nikalisuuza polepole.

Imeingia nyingine saa nne. Tena saa saba. Nimeziangalia zote sasa: ni saa ya chai na saa ya chakula. Jumapili hakuna hata moja. Mwizi gani huyu anapumzika Jumapili? Na mpango wa kando gani huo wa kwenda kanisa?

Maziwa bado yananitoka. Blauzi ilikuwa imelowa mbele, mteja mmoja akageuza macho. Aloo alikuwa hajaacha kunyonya. Alikatizwa tu, kama redio.

Jumatano, 10 Septemba

Benki. Foleni. Kijana wa dirishani ana tai na ana haraka. Nikasema kuna malipo nisiyoyajua kwa kadi ya mume wangu. Akauliza, na mume wako yuko wapi, si aje?

Nikasema yuko safari.

Nilisema hivyo! Lakini ningesema nini? Wenzangu wa chapati wameniambia, ukitoa pesa zote mara moja benki inamtafuta mwenye akaunti, na ikijua amekufa inafunga akaunti mpaka uende na karatasi za mahakama, na mwenye nyumba hangoji mahakama.

Akaangalia kompyuta yake. Hakuna kadi nyingine, Mama, akasema. Hii ni kampuni. Waliiweka kadi kwa mashine yao siku nyingi, sasa mtu akinunua kitu inakatwa yenyewe. Mtu gani? Hiyo waulize wao. Akaniandikia namba ya simu yao. Kuifunga kadi, mwenyewe aje na kitambulisho.

"Akirudi safari," akasema.

Akirudi safari.

Alhamisi, 11 Septemba

Nimewapigia. Nilikuwa nimejiandaa kwa matusi, akapokea msichana mwenye sauti ya upole mpaka yakaniishia mdomoni. Akanieleza. Wao wanaweka rafu na friji za vitafunio kazini kwa watu. Hakuna muuzaji. Unachukua soda yako, unabonyeza namba yako, kadi yako inakatwa. Kwenye meseji linatokea jina la ofisi yao, na ofisi ndiyo iko Nairobi. Mashine yenyewe, akasema, hii yako iko Kisumu, madam. Akakitaja kiwanda cha samaki kule ziwani.

Kazini kwa Dishon.

Nilikaa juu ya gunia la unga. Hakuna mwanamke. Hakuna mwanamke! Nililia mbele ya wateja, nimeshika kijiko cha kugeuzia chapati. Baba Aloo, pole. Pole kabisa.

Halafu furaha ikakauka. Kama si mwanamke basi ni marafiki zake. Walibeba jeneza. Walikula nyama ya matanga. Na bado wanamla.

Nikamwambia msichana aitoe hiyo kadi. Anaweza, hata leo, lakini mashine inatuma tarakimu kwa laini ya mwenye namba, na lazima asomewe hizo tarakimu. Laini ya Dishon! Zadock aliichukua siku ya mazishi, ati awajibu watu wanaotuma pole.

Ijumaa, 12 Septemba

Nimeomba ruhusa nikaenda geti ya kiwanda saa ya chakula. Soja alinijua, akavua kofia. Nikamwambia aniitie Walubengo. Huyo ndiye alikuwa mtu wa Dishon, wote wa chumba cha barafu, na ni wa kwetu Bungoma. Akatoka na gambuti na koti la baridi, jua lote hili. Mkononi ana maziwa ya pakiti na keki.

"Hiyo umelipa na nini?"

"Na namba ya Baba Aloo." Bila aibu, kama mtu anayekuambia leo ni Ijumaa. Halafu akatabasamu. "Huyo jamaa bado anatununulia chai, dada. Hata kufa hakujamfunza uchoyo."

Nilimpiga kofi. Keki ikaanguka. Soja akaanza kuangalia mawingu, na mawingu hayakuwepo.

Walubengo hakukasirika. Alingoja nimalize kuhema, akaeleza polepole. Tangu mashine iletwe, chumba chao chote kinatumia namba moja. Wengi hawana kadi. Mapumziko ni mafupi, na ukitoka kwa barafu vidole havisikii, utabonyeza mpaka kengele ilie. Kwa hivyo mmoja anabonyeza ya Dishon mara moja kwa wote, zile tarakimu wote wanazijua kwa kichwa, na Ijumaa kila mtu anamrudishia kwa simu. Hivyo tu, tangu mwaka jana. Mimi sikujua. Chai ya wanaume, nani huambia bibi yake?

"Na alipokufa?"

"Tulikaa kikao. Wengine wakasema tutafute namba ya mtu mwingine. Mimi ndio nilikataa. Nikasema tukibaki na yake, kila Ijumaa tutarudisha na kuongeza kitu juu, iwe ya mtoto. Mchango ungeona haya kupokea. Lakini hii si mchango, ni pesa ya chai ya bwana yako." Akaniangalia. "Si unapata?"

Nikamwuliza napata nini.

Akatoa simu, akanionyesha. Ziko pale, Ijumaa baada ya Ijumaa, zimetumwa kwa DISHON OBIERO. Nyingi kuliko zilizokatwa. Na chini ya ile ya wiki iliyopita kuna jibu kutoka laini hiyo hiyo: Nimepata. Asanteni ndugu zangu, Mungu awazidishie. Mama Aloo.

Mama Aloo!

"Si wewe?"

Nikatingisha kichwa. Walubengo akaiangalia keki pale chini. "Basi mimi nimekula kofi la mtu mwingine," akasema. Tukacheka, kicheko kibaya, cha watu wanaotaka kulia na hakuna anayetaka kuanza.

Ya leo amenitumia mimi. Haifiki robo ya iliyopungua. Atawaambia wenzake waache, lakini namba imeenda mbali, akasema, hata wapakiaji wa zamu nyingine wanaijua. Mpaka kadi itoke kwa mashine.

Nilipofika barabarani akanifuata mbio na gambuti zake, akanipa ile pakiti ya maziwa. Sikujua nicheke au nimpige tena. Nikaichukua. Nikainywa nikitembea.

Jumapili, 14 Septemba

Nimempigia Zadock baada ya kanisa. Nilijiapia sitapaza sauti, na sikupaza. Nikamwita shemeji. Nikamwuliza habari za watu wake. Halafu nikauliza pesa ya Ijumaa ya vijana wa barafu.

Nikasikia kuku.

"Hiyo ni pesa ya ndugu yangu. Imeingia kwa simu ya ndugu yangu."

Nikasema inatoka kwa kodi ya nyumba yangu, shemeji.

"Na huyu mtoto anakula mawe? Maziwa yake huku nani ananunua? Umeuliza?"

Sijauliza. Hilo ndilo linaniuma — huenda ni kweli. Huenda yote ananunulia maziwa. Sina njia ya kujua, na yeye anajua sina njia.

"Umejibu watu kwa jina langu."

"Wewe si mke wa hapa? Jina lako ni la hapa."

"Shemeji, nitumie laini."

"Njoo uichukue. Beba na vyombo vyako. Mwanamke na chumba Kisumu, cha nini? Njoo tukae chini, tuongee mambo ya nyumba yako."

Najua mambo ya nyumba yangu ni yapi: kurithiwa. Nilikaa huko siku za kutosha kuona macho ya wazee yakinihesabu pamoja na ng'ombe. Nikamwambia nyumba yangu iko na mtu mmoja mdogo, anipe niongee naye. Nyuma yake nilimsikia Aloo analia, kile kilio cha kusinzia, cha kutafuta titi. Nikamwita. Sijui kama alisikia. Zadock akakata.

Blauzi ikalowa. Ilikuwa ile ya kanisa.

Jumanne, 16 Septemba

Mwenye nyumba amepita. Hakugomba. Alisimama mlangoni akaangalia dari na kitanda kama mtu anayepimia mgeni mwingine. RAFUTAMU imeingia mara mbili leo. Walubengo ametuma pole, si chumba chao, ni wapakiaji.

Jioni mama mkwe amenipigia kwa simu ya jirani. Huwa hanipigii. Kiswahili chake ni kidogo na Kibukusu hana, lakini leo tumesikilizana. "Nyathi ni mzima," akasema. Mtoto ni mzima. "Anakula. Anaita mama kwa kila mwanamke anapita."

Nikamwomba arudie.

Akasema amemzaa Zadock na amemzaa Dishon, na mmoja akila cha mwingine ni tumbo lake linaloaibika. Akasema nimngoje mtu wa mboga, yule analeta sukuma Kibuye, amempa kitu. Nikaenda. Ni leso imefungwa fundo. Ndani kuna kitambulisho cha Dishon na kibali cha mazishi — vyote viwili, ndivyo mahakama na benki watavitaka siku nikienda! Na njugu za kukaanga, bado na chumvi. Laini hakuna.

Kesho atapiga tena, kwa simu ile ile ya jirani. Hajui kuandika, anasema nimwambie vinavyobaki na atashika kwa kichwa. Kwa hivyo maneno yawe machache, na niyaseme kwa utaratibu. Nayapanga hapa:

Laini ya Dishon. Zadock ameiweka kwa simu ndogo, ile ya tochi. Laini peke yake, simu yake aiache.

Kadi ya kliniki ya Aloo. Bila hiyo watamdunga chanjo upya.

Sweta. Asubuhi barabarani kuna baridi.

Aloo. Alhamisi, na mtu wa mboga. Ampakate mbele, asimweke nyuma kwa magunia. Akilia ampe njugu — hapana, njugu zitamkaba, ampe ndizi. Amwambie anaenda kwa mama, alitaje hilo neno mara nyingi njiani, nami nitakuwa nimesimama pale gari linaposhushia sukuma kabla halijafika.