Kaka Kachoma Magugu, Nusura Amchome Mama

Shoga, hebu sikia haya. Kaka yangu leo nusura amchome mama. Sikutanii.

Tangu juzi namwambia magugu ya bustani yang'olewe kwa jembe. Akanijibu moto unamaliza kwa dakika tano. Haya, natoka kazini nakuta moshi mpaka barabarani. Bwana mkubwa kamwaga mafuta ya taa, kawasha, halafu kaingia ndani kupokea simu. SIMU!

Na mama kakaa nje, nyuma ya banda la kuku, na ule mguu wake wa plasta. Upepo ukageuka, banda likashika moto. Anaita, hakuna anayemsikia.

Nimembeba mgongoni, shoga. Mimi, na kiuno hiki! Jirani yetu seremala ndiye aliyeruka uzio na ndoo za maji akauzima.

Ndipo kaka anatoka, simu bado iko sikioni. Anaitazama bustani yote nyeusi, anasema, "Lakini si mnaona magugu yameisha?"

Magugu yameisha!! Mama anakohoa moshi, yeye magugu yameisha!

Nilimfokea mpaka sauti ikakauka. Akamgeukia mama amtetee, maana unajua kaka ndiye mboni ya jicho la mama, hajawahi kumkemea.

Mama akajifuta masizi usoni, akamwambia taratibu, "Mwanangu, una miaka arobaini. Nenda ukaanze maisha kwako."

Sasa hivi nasikia zipu za mabegi chumbani kwake. Hakuna aliyemwambia asubiri kesho.