Baba Kasema Hapana

Jumatatu, 7 Julai
Uji wa baba, saa moja. Kwa mpira wa puani, taratibu, la sivyo anapaliwa. Tangu kiharusi kimpige hasemi, hanyanyui kidole, macho darini tu. Mwaka wa pili huu.

Neema wa utafiti kaja tena Mbagala na kofia yake ya nyaya za kusoma ubongo. Leo imekubali. Baba akiwaza kukunja ngumi, kishikwambi kinawaka kijani: ndiyo. Akiwaza kupiga teke, nyekundu: hapana. Kaulizwa kama mimi ni Zainabu. Nyekundu. Mwanaidi? Kijani. Nimelia mpaka Neema kanivutia kiti.

Jumatano, 9 Julai
Ba'mdogo Hamisi hana raha. Ndoa yangu na Salum ni Ijumaa ya wiki ijayo, na yeye ndiye aliyekuwa aniozeshe, maana baba tulishamhesabu hayupo. Sasa shehe anasema kama mzee ana akili zake, walii, mwenye haki ya kuniozesha, ni yeye. Walau ampe mdogo wake ruhusa.

Jambo dogo. Baba anampenda Salum. Walikuwa wanacheza bao pamoja.

Alhamisi, 10 Julai
Wanaume wamejaa chumbani. Baba kavishwa kofia. Ba'mdogo akainama: "Kaka, unaniruhusu nimwozeshe Mwanaidi kwa Salum?"

Nyekundu.

Akarudia, kwa sauti zaidi, kana kwamba baba ni kiziwi. Nyekundu. Salum katoka nje bila kuvaa viatu.

Nina hasira. Muda wote huu namgeuza asipate vidonda vya mgongo, halafu ananifanyia hivi. Mbele ya watu.

Jumamosi, 12 Julai
Sijamsemesha baba tangu juzi. Namlisha, namgeuza, basi.

Salum kapiga simu kutoka kwake Wazo. "Mie siwezi kushindana na mzee aliyelala kitandani, Mwana. Bila radhi yake ndoa gani hiyo?" Nimekata simu. Nina miaka thelathini na sita. Hatokuja mwingine.

Namchukia baba. Nimeliandika, liwe hapa.

Jumatatu, 14 Julai
Nimemwomba Neema tumuulize wenyewe, bila wanaume.

Unamkubali Salum? Kijani. Nikakaa kitandani. Unataka niolewe? Kijani. Unaogopa nitakuacha? Hilo ndilo nililokuwa na uhakika nalo. Nyekundu.

Maswali yakaniishia. Neema ni wa Moshi, Mkristo, ndoa zetu hazijui. Akanigeukia mimi: "Dada, samahani. Baba si yupo? Kwa nini asikuozeshe mwenyewe?"

Kishikwambi kikawaka kijani. Hakuna aliyekuwa amemuuliza yeye.

Jumanne, 15 Julai
Nimempigia Salum, nikamweleza. Kauliza mzee anapenda kanzu gani.

Kwa Ba'mdogo nilienda kwa miguu. Nimemwambia baba hakukataa ndoa, kakataa kuozeshewa binti naye yu hai. Ba'mdogo akavua miwani. Alibaki anaipangusa.

Ijumaa, 18 Julai
Shehe kakubali: ishara ya asiyesema ikieleweka inatosha. Kitanda tukakivuta mpaka sebuleni. Baba na kanzu mpya, na juu yake ile kofia ya nyaya. Watoto wa jirani walicheka, wakafukuzwa.

Shehe akamuuliza kama anamwozesha binti yake Mwanaidi kwa Salum, kwa mahari waliyokubaliana. Kijani. Salum akaitikia. Ba'mdogo alikuwa mlangoni, analia bila kujificha. Alishamzika kaka yake akiwa hai. Sote tulimzika.

Jumatatu, 21 Julai
Neema kachukua kofia. Kuna wagonjwa wengine wanaisubiri.

Baba tumehamia naye kwa Salum, Wazo. Kapewa chumba chenye upepo, ingawa vumbi la saruji kutoka kiwandani linaingia. Asubuhi nimemwogesha. Nikamuuliza kama maji ni ya moto sana. Macho darini. Nikachovya kiwiko, nikaongeza ya baridi kidogo, nikamuuliza tena.